Ukurasa Aliousoma Mama Kaswera

Mwaka wa elfu mbili, pale Butembo, malaika walikuwa wakisema kwa sauti ya mwanamke wa miaka arobaini na saba, mwenye kitenge na kandambili, ambaye hakutoa hukumu yoyote ya mbinguni kabla ya kukohoa kidogo. Jina lake Kaswera. Kazi yake ilikuwa kutafsiri filamu za Kiingereza katika ukumbi wa video wa Luc, mfanyabiashara Mkatoliki aliyeleta kaseti kutoka Kampala ndani ya magunia yale yale ya sabuni, hata filamu za mapenzi zilifika zikinukia kufua.

Kiingereza chake Kaswera alikipata jikoni. Kwa miaka kumi na minne aliosha vyombo vya wamisionari wa Kiprotestanti, akajua vizuri sufuria, sukari, moto, usikimbie ndani ya nyumba, na tumshukuru Bwana. Wamisionari walipokimbia vita mwaka wa tisini na sita, walimwachia birika moja na Kiingereza hicho. Kanisa lake halikuwa na mwingine aliyejua zaidi, basi likamfanya mkalimani kila mgeni alipohubiri. Pale kilipomwishia, alijaza kwa Biblia, ambayo aliijua kuliko wageni wengi, na waumini walikubaliana kwamba wahubiri wa ng'ambo siku hizi wamekuwa wazuri sana.

Sasa, mkalimani wa kanisani kwao hasimami tu na kusema. Anasimama ubavuni mwa mhubiri na kufanya yote anayoyafanya mhubiri. Akiinua mkono, anainua. Akilia, analia. Kaswera alihamia kwa Luc na desturi hiyo nzima. Alisimama ubavuni mwa televisheni, akakimbia walipokimbia, akabusu hewa walipobusiana, na mtu alipopigwa risasi alianguka naye. Siku moja alikufa juu ya beseni la karanga la Mama Rébecca, na watazamaji wakadai afe tena. Maonyesho yalianza saa nane mchana na kwisha kabla ya saa kumi na moja, kwa sababu baada ya hapo barabara ilikuwa ya wenye bunduki, na wenye bunduki wenyewe walibadilika mara nyingi mno mtu kuweza kuwazoea.

Filamu iliyompa jina ilikuja kwenye kaseti isiyo na jalada. Mtu alikuwa ameiandika "Malaika" kwa kalamu, basi. Ndani yake kulikuwa na malaika wasio na mabawa, waliogawanyika makundi mawili na kupigana vita katika mji fulani wa theluji. Mmoja alivaa nguo za tarishi, akibeba mkoba wa barua. Adui yake alivaa aproni ya muuza nyama. Walichogombania ni kitabu kidogo chekundu, kitakatifu, ambacho mjane mmoja mwenye nyumba ya wageni alikuwa amekishonea ndani ya godoro. Kuelekea mwisho, malaika tarishi anapasua godoro, anafungua kitabu, na kusoma ukurasa mmoja kwa muda mrefu, kwa lugha ambayo hata si Kiingereza. Hapo Kaswera alikuwa akiweka Zaburi. Kila siku aliweka nyingine, ili wateja wa kudumu wasichoke.

Mahali pengine pote alikuwa mkarimu. Malaika tarishi akisema maneno matatu, Kaswera alimpa kumi na tano, yote ya kishujaa. Alimpenda malaika huyo. Alimfanya aseme habari za nchi ya baba zake, za wanyonge wanaolia, za upanga usiorudi nyuma. Vijana walitoka ukumbini wakitembea kwa vifua mbele. Kaswera aliwaona na kufurahi, kama mpishi anayeona sahani zinarudi tupu.

Mmoja wa vijana hao alikuwa mwanawe wa pekee, Éliakim, wa miaka kumi na tisa, aliyesukuma chukudu, ile baiskeli nzito ya mbao, akishusha viazi na kabichi kutoka Kipese. Filamu hiyo aliiona mara sita, na mlangoni hakuna aliyemzuia mtoto wa malaika. Jumatano moja alikula bugali yake yote, akanawa mikono, akamwambia mama yake habari ambayo kwa maoni yake ilikuwa imekwisha kuamuliwa.

"Mama, jumamosi tunaenda. Tuko kumi na moja. Kule kwa Kasugho kuko docteur anatoa maji. Mutu akishapata ile maji, risasi hapana ingia."

Walikuwa wanakwenda kwa Mai-Mai, wapiganaji wa msituni, ndivyo alivyosema. Kaswera alizungumza kwa muda wa saa mbili. Aliuliza nani atashusha kabichi. Aliuliza habari za kikohozi chake, na za viatu, kwa sababu msituni kuna matope na yeye ana jozi moja. Alitaja marehemu baba yake, alitaja dada yake Bénie aliyeolewa Mutwanga, alitaja kila mtu isipokuwa yeye mwenyewe. Éliakim alisikiliza kwa heshima, maana alilelewa vizuri, kisha akajibu kwa sentensi moja.

"Mama, hata bamalaika banapiganaka. Si ni weye njo ulituambia?"

Kaswera aliona aibu, na chini ya aibu hiyo kulikuwa na hofu kubwa kiasi kwamba alilala na kandambili miguuni. Yeye ndiye aliyempa yule tarishi maneno yote yale. Kwenye filamu jamaa alisema tu kitu kama "twende," au pengine "sukari."

Ijumaa ukumbi ulijaa. Éliakim alikaa karibu na mlango pamoja na wenzake kumi, wote wakitazama kwa mara ya mwisho kabla ya safari. Godoro likapasuka. Kitabu kikafunguka. Kaswera alikuwa ameandaa Zaburi ya siku hiyo, akakohoa, na kinywani mwake ikatoka nyingine kabisa.

"Imeandikwa hapa," alisema, mkono juu. "Kila mutu anaenda ku vita, mama yake aseme kwanza na kinywa yake: Enda. Kama mama hakusema, maji itakuwa maji tu."

Hakuna aliyeuliza maji yametoka wapi katika filamu ya theluji. Mjane wa nyumba ya wageni alikuwa amemimina chai hapo nyuma, na huenda hiyo ilitosha. Nje lilisikika grupu la umeme, ile jenereta ya Luc, likikoroma. Kisha muuza nyama akatokea na kisu, na Kaswera akashukuru kupata mtu wa kumrukia.

Nyumbani Éliakim alimwambia kwamba siku nyingine zote kitabu hakikusema vile. Kaswera, akichochea moto, alijibu kwamba siku nyingine zote Kiingereza kile kilikuwa kikimpita, na leo ndipo amekishika. Kijana alimtazama mgongo kwa muda mrefu. Jumamosi hakuondoka. Hakusema kwamba amebadili nia. Alisema tu kwamba wanangoja kidogo.

Wenzake nao walikuwa wamerudi makwao kuuliza. Kwa vizazi na vizazi hakuna aliyewahi kuwauliza kina mama wa Butembo kuhusu vita, na sasa walipoulizwa walijibu kwa mkupuo. Kati ya wale kumi na mmoja waliondoka wawili. Mmoja alikuwa na mama ambaye tangu Noeli alimwomba aende popote. Mama wa pili alidhani anaombwa ruhusa ya kwenda kuchota maji. Mama Tamar, muuza mandazi, alimkatalia mwanawe, akanogewa, akamkatalia na mumewe, ingawa haki hiyo ilikuwa ya mama mkwe.

Wiki mbili hazikupita, ukurasa ule ulikuwa umefika hadi vijiji vya juu. Watu walianza kuutafuta katika Biblia. Waprotestanti hawakuuona katika yao, wakaenda kuazima ya Wakatoliki, kwa sababu ni nene zaidi na huenda umefichwa humo. Wakatoliki nao hawakuuona, wakasema bila shaka uko kwa Waprotestanti, watu wa kutafsiritafsiri. Majirani ambao hawakuwahi kukopeshana chumvi walikopeshana Maandiko. Pasta Jéthro alimwita Kaswera na kumwuliza kwa upole maneno yale yametoka wapi. Kaswera alisema yeye ni mkalimani, anasema anachoambiwa. Pasta alikuwa na wana watatu wakubwa. Hakuuliza mara ya pili.

Kwa Mungu Kaswera alikuwa na maelezo mengine. Kila asubuhi alimkumbusha kwamba kitabu alichoongezea maneno hakikuwa chake Yeye, ni kile cha kwenye godoro.

Jumanne moja, saa nane kasorobo, Commandant Vagheni aliingia ukumbini. Watu walimjua kwa jina tu, na walipendelea hivyo. Alikuwa mkubwa wa ile kambi ya Mai-Mai ya upande wa Kasugho, mtu wa miaka arobaini hivi, na alichechemea. Alikuja na wapiganaji wawili waliojifunga majani shingoni, akakaa benchi la mbele katikati. Kwa kuwa miiko yake ilikataza kuguswa na mwanamke, wanawake wote walihamia ukutani, na Mama Rébecca aliuzia karanga zake dirishani. Luc alitabasamu vibaya sana. Alimnong'oneza Kaswera kwamba labda leo waonyeshe filamu ya mpira. Commandant aliomba ya malaika.

Kwa saa moja na nusu Kaswera alikimbia, akaanguka na kufa akiwa na jambo moja tu kichwani. Vijana hawaji tena kambini, na mtu huyu amekuja kujua kwa nini. Akiyarudia maneno yale mbele yake, hajui kama atatoka humu kwa miguu yake. Akiyaacha, Éliakim yuko pale mlangoni na masikio yake mawili, atajua kwamba hakuna sharti, na kabla ya jua kuzama atakuwa njiani. Godoro likapasuka. Kaswera alikohoa mara mbili. Kisha akayasema yote kama yalivyokuwa, pamoja na mkono juu.

Filamu ilipokwisha Luc alizima grupu mbio mbio, kana kwamba giza la televisheni lingemrudisha mgeni kwao. Hakuna aliyeinuka. Commandant ndiye aliyeinuka, polepole, kwa ajili ya ule mguu.

"Mama, miye niko na ulizo."

"Uliza, Commandant."

"Na ule mama yake alishakufaka?"

Kaswera alikuwa amejiandaa kutukanwa, kupigwa, hata kupigwa risasi. Hilo hakulitazamia. Mtu yule akaeleza mbele ya watu wote, kwa sauti ndogo isiyofanana na sifa zake. Aliondoka kwao Beni mwaka wa tisini na sita bila kumuaga mama yake. Mama alimtafuta sokoni siku tatu, akiuliza kwa wauza samaki. Mwaka uliofuata alifariki, na yeye alipata habari baada ya miezi minne. Mwaka jana risasi ikamwingia pajani. Docteur alimwambia amevunja sharti la maji, akajichunguza: hakuiba, hakula alichokatazwa, hakugusa mkono wa mwanamke. Hakuliona kosa, mpaka kijana mmoja mgeni kambini alipomsimulia habari za ukurasa huu.

"Nilitafuta kosa yangu mwaka muzima," alisema. "Ni weye njo umeniambia."

Kaswera alitaka kusema kwamba hakuna ukurasa, kwamba yeye ni mwosha vyombo, kwamba risasi ni risasi. Aliuona uso wa mtu yule na kumhurumia kabisa, kama angemhurumia mtoto aliyepotea sokoni. Lakini kwenye mlango alimwona wake mwenyewe, amesimama kwa vidole vya miguu ili asikie vizuri.

"Aende ku kaburi ya mama yake," alisema. "Amuombe pale. Abakie pale mpaka asikie amesema."

"Na kama hasemi?"

"Basi abakie."

Commandant alivua kofia. "Wasingya, Mama," alisema, asante ya nyumbani kwao, akatoka. Kesho yake alipanda pickup ya kwenda Beni, na wale wapiganaji wawili hakwenda nao.

Jumapili, watu wakitoka kanisani, dereva wa Luc alirudi kutoka Beni na habari. Mtu yule yuko makaburini. Analala kwa mjomba wake na asubuhi anakuja na kiti. Amekwisha kufyeka magugu ya kaburi la mama yake na ya majirani zake wanne, na pembeni, penye nafasi, amepanda maharage. Ukimwuliza anangoja nini, anasema mama bado hajasema. Watu walicheka sana mbele ya kanisa. Maharage, walisema, na wakarudia, maharage. Kaswera alicheka nao mpaka alipofika nyumbani, kisha akaketi uani na kulia. Alikuwa amemfunga mtu mzima kwenye kaburi kwa uongo, ili mwanawe apone.

Éliakim alimkuta hapo akichambua mchele usiohitaji kuchambuliwa. Akavuta kigoda.

"Mama, ile ya kaburi. Luc alikuwa alishazima groupe. Filime ilikuwa imekwisha. Donc kitabu ilisema wapi?"

"Haikusema."

"Na ile ya mama aseme enda?"

Kaswera alishika ungo kwa mikono miwili. Angeweza kukohoa. Malaika alikuwa tayari, kama siku zote, na maneno kumi na tano. Akijibu kwa kweli, kijana ataondoka leo, njia ya Kasugho iko wazi na hakuna wa kumzuia. Lakini mtoto wa mama mwingine alikuwa ameketi Beni juu ya neno lake, na hakuweza kumkalisha wa pili.

"Nayo haikusema."

"Sasa ni nani alisema?"

"Ni miye. Éliakim, sitaki uende. Ni miye mama yako njo nasema. Malaika hakuna."

Aliposema hivyo ndipo alipogundua kwamba hajawahi kuyasema. Katika saa mbili zote za Jumatano ile, kati ya kabichi na viatu na marehemu, sentensi hiyo moja haikutoka. Alizoea mno kusema kwa ajili ya wengine.

Éliakim alitazama viganja vyake, vyenye sugu za chukudu. Kuku wawili walipita kati yao, wakarudi.

"Ungesema tu vile jumatano," alisema kijana. "Mais weye ukalala na viatu."

Alisema hivyo bila kucheka, lakini alichukua ungo mikononi mwake na kuanza kuchambua upande wake. Kaswera alimwacha, ingawa alikuwa akitupa punje nzuri. Baadaye Éliakim akauliza kama atakwenda Beni kumwambia Commandant kwamba ukurasa haupo. Kaswera alisema ndiyo, pickup ya Jumatano, atamwambia Luc atafute mtu mwingine wa kufa siku hiyo. Aliogopa, lakini angekwenda. Kisha akamwuliza mwanawe jambo ambalo lilikuwa likimzunguka tangu kanisani.

"Ule mama alimutafuta siku tatu mu soko. Leo angeweza kusema, unawaza angemwambia nini?"

Éliakim alifikiri.

"Angemwambia abakie."

"Basi nilitafsiri," alisema Kaswera, na sauti ikamkatika, na hapo hakukohoa kuificha.

Éliakim alimrudishia ungo. Akamwomba amwamshe mapema kesho, kwa sababu anapanda Kipese kuchukua kabichi.